Sindano Tatu za Kalonji

Mwene-Ditu, tarehe 20 Juni 1993

Mwanangu Fidélie,

Tumefika. Naanza na neno hilo kwa sababu najua ndilo utakalolitafuta kwa macho kabla ya salamu. Tu wazima, kwa kadiri mtu aliyekaa wiki tatu ndani ya behewa anavyoweza kuwa mzima. Mdogo wako Blandine ile homa ya uzazi imemwachia, ameanza kutembea bila kushika ukuta. Mume wake Henri alilala siku mbili tu, akaenda Mbuji-Mayi kutafuta almasi pamoja na wanaume wengine wote. Mzee Tshilombo, jirani yetu wa Manika, tulimzika kando ya reli kabla ya Kamina. Dereva alitusubiri nusu saa, na hilo nalo ni la kushukuru.

Wametuweka katika darasa la shule, familia sita, tumegawana sakafu kwa vitenge. Watu wa hapa wanasema sisi tuliofukuzwa Katanga kwa sababu ya kabila letu tumerudi nyumbani. Mimi nimezaliwa Kolwezi, na dada yangu, mama yako, amezaliwa Kolwezi na kuzikwa Kolwezi. Nyumbani huku hata njia ya kwenda kisimani nilionyeshwa na mtoto wa miaka saba, akanicheka.

Baba yako Tata Ngoy hajambo? Mwambie simsahau.

Sasa neno la mjukuu wangu Kalonji, mtoto wa Blandine. Tangu tulipopita Kaniama anakohoa. Mwanzoni yalikuwa mafua tu. Sasa kikohozi kikimshika hakimwachi: anakohoa mara kumi, mara kumi na tano bila kuvuta pumzi, uso unakuwa mweusi, ulimi nje, halafu anavuta hewa kwa mlio mwembamba. Mwisho anatapika maziwa yote. Baada ya hapo anacheka, kana kwamba si yeye. Nilimpeleka kwa muuguzi wa kambi. Akachukua fishi yake, ile karatasi ya njano ya uzito na chanjo, akasoma, akasema kifaduro hakiwezi kuwa, mtoto huyu ana sindano zake tatu. Akanipa dawa ya mafua.

Wewe ni muuguzi. Niambie la kufanya. Barua hii nampa Kisimba, fundi wa treni, mtu mwaminifu. Nawe nijibu kwa mkono wake.

Mama yako mdogo,
Mbelu


Kolwezi, tarehe 2 Agosti 1993

Mama Mdogo mpendwa,

Barua yako nimeipata juzi, wiki sita baada ya wewe kuiandika. Kisimba aliileta dispensari, nikaingia nayo chumba cha dawa na kufunga mlango. Nashukuru Mungu mmefika. Kifo cha Mzee Tshilombo kimenihuzunisha, alinifundisha kuendesha baiskeli.

Baba hajambo, ila hasemi sana. Tangu mwondoke hapiti tena barabara ya gare, ile stesheni mlikopandia treni. Akienda sokoni anazunguka. Nyumba yako ya Manika ina watu. Wameweka pazia la kijani. Mimi nilipita mara moja tu, sikusimama. Kazi zimelala, baruti ya mgodi wa Mashamba inaweza kukaa siku tatu bila kusikika, na mishahara tunaisikia redioni. Umeme wa bwawa la Nzilo bado unakuja. Friji ya chanjo inafanya kazi vizuri, wa kuchanjwa ndio hawapo.

Kuhusu Kalonji. Mama, unayoyaeleza ni kifaduro, kile tulichofundishwa shuleni kukiita coqueluche. Mtafutie eritromisini ya maji, mara nne kwa siku, siku kumi na nne, usikatishe hata akionekana amepona. Kwa kuwa amechelewa, dawa haitakiondoa kikohozi mara moja, kitaendelea miezi miwili hata mitatu, lakini itamzuia asiwaambukize wengine. Mpe chakula kidogo kidogo, na umpe baada ya kukohoa, si kabla. Akitapika, subiri apumzike, mpe tena. Mtoe kwenye moshi wa makaa. Dawa za kikohozi za sokoni usimpe, wala usiruhusu mtu amkate kilimi. Midomo ikigeuka bluu, au akiacha kupumua, au akishindwa kunyonya, usingoje asubuhi.

La muhimu kuliko yote, asikaribie mtoto mchanga. Mkubwa anakohoa tu, mchanga anakufa. Na watoto wote wa hilo darasa wapate chanjo.

Mwambie muuguzi amtazame mtoto, aiache fishi. Mimi ni muuguzi mwenzake, mwambie nimesema hivyo. Fishi si kitu cha kutegemea nyakati hizi.

Msalimie Blandine. Mwambie asijichoshe na maji.

Mtoto wako,
Fidélie


Mwene-Ditu, tarehe 19 Septemba 1993

Mwanangu Fidélie,

Salamu kutoka kwetu sote. Henri alirudi bila almasi, akiwa na malaria, akaondoka tena. Mvua za kwanza zimenyesha na darasa linavuja upande wetu. Blandine anauza maandazi kwenye njia ya stesheni, amepata wateja. Kalonji amekonda, lakini yu hai, na zile siku kumi na nne za dawa nilizihesabu kwa mafundo kwenye kamba. Kikohozi kimepungua. Nilifanya yote uliyosema, isipokuwa moja.

Barua yako nilimsomea Blandine. Nilipofika pale ulipoandika habari ya fishi, niliruka.

Kuna mama mwenzetu humu darasani, Mbombo. Alikuwa akifanya usafi katika ofisi moja ya Kolwezi, utamkumbuka ukimwona. Amejifungua mwezi uliopita, mtoto wa kike, akamwita Mignonne. Wamelala hatua nne kutoka kwetu. Nilimwambia Mbombo ahamie upande wa mlango kwa sababu ya kikohozi cha Kalonji, akanijibu kwamba muuguzi amesema ni mafua tu, na upande wa mlango kuna baridi. Nikarudi kwenye kitenge chetu. Tangu Jumatatu mtoto wake ana mafua. Hakohoi kama Kalonji. Ananyamaza tu, katikati ya kunyonya, anakuwa rangi ya majivu, wanampigapiga miguu, anarudi.

Fidélie, tusichezeane. Wewe na mimi tunajua kwamba zile sindano tatu hazikuingia.

Ulikuja gare na blauzi yako nyeupe na sanduku lako la barafu. Sisi tulikuwa tumekaa kwenye mawe kando ya behewa la tatu, Blandine amelala na homa, Kalonji kwenye mapaja yangu. Ulitoa sindano, nami nikafunika paja la mtoto kwa kiganja. Nilisema: “Usimupike shindano, mwana. Andika tu.” Hukuuliza kwa nini. Uliandika, ukapiga muhuri, ukaenda.

Pale gare walikuwa wakisema sindano za waganga wa Katanga zina sumu ya kumaliza watoto wetu. Nilijua ni maneno ya watu walioketi miezi miwili bila kazi. Mimi niliyekuogesha wewe mama yako alipokufa, nikuogope? Kwa nini niliamini siku ile, hilo sitaki kuliandika.

Nimekwenda kwa muuguzi mara mbili kumwambia. Mara zote mbili nikaomba dawa ya kichwa, nikarudi. Blandine anadhani nilimpeleka mtoto kuchanjwa mwezi baada ya mwezi wakati yeye mgonjwa. Akinisikia, nitamtazamaje?

Mbelu


Kolwezi, tarehe 30 Oktoba 1993

Mama Mdogo,

Barua yako imefika jana. Baba anakusalimu, hakuna jipya, nyumba ni nzima. Nisamehe nikikatiza salamu.

Yule mtoto wa Mbombo asikae tena darasani. Mchanga wa umri huo hapigi ule mlio, anaacha kupumua tu, ndiyo sababu watu hawajui ni kifaduro. Apelekwe hospitali leo, si kesho, akae pale mtu amtazame usiku na mchana. Apewe eritromisini, na mama yake apewe, na kila anayelala humo ndani apewe, hata asiyekohoa. Ndani ya bahasha hii kuna karatasi nyingine ya Kifaransa. Ni ya muuguzi wako. Nimeandika kwamba mimi, Fidélie Ngoy, niliandika chanjo tatu ambazo sikuzitoa, na tarehe zake nilizirudisha nyuma. Nimetia sahihi. Mpe. Ona haya huku unampa, lakini mpe.

Mimi nimekuwa nikijua tangu barua yako ya kwanza. Nilipokuandikia mwezi wa Agosti niliandika mistari mitatu ya ukweli, nikaichana, nikaandika “fishi si kitu cha kutegemea.” Nikajisifu kwamba nimesema. Ni maneno ya mwoga aliyesoma shule.

Nikueleze siku ile ya gare. Ulipofunika paja la Kalonji niliumia kama mtu aliyepigwa kofi mbele ya watu. Nilijiambia, kumbe hata huyu. Anataka kalamu, basi achukue kalamu. Ningeweza kuandika moja, nikaandika zote tatu, kwa hasira. Muuguzi akikataliwa anaketi chini, anaeleza, anarudi kesho na keshokutwa. Hivyo ndivyo nilivyofanya kwa wanawake nisiowajua mitaa yote ya Kolwezi. Kwako sikuketi. Jioni ile nilimwaga dawa chini ya bomba na kuandika kwenye daftari kwamba imetumika.

Kosa ni langu, sikatai. Lakini Mama, mimi nilikula kwenye sahani yako miaka kumi na moja. Uliamini nitamuua Kalonji. Nina haki ya kujua kwa nini. Andika.

Fidélie


Mwene-Ditu, tarehe 12 Desemba 1993

Mwanangu,

Treni ya Kisimba ilikufa Luputa, ikakaa pale siku kumi na moja. Barua yako imenifikia tarehe 21 Novemba. Mignonne alikufa tarehe 9.

Alikufa mikononi mwa mama yake, mchana, watu wote tukiwa macho. Muuguzi alisema ni malaria. Nilisaidia kumwosha. Mbombo alinishukuru, akasema mimi nimekuwa mama kwake. Nilipokea shukrani ile, Fidélie. Niliipokea na mikono yangu ikiwa bado na maji.

Karatasi yako ilipokuja nilikaa nayo siku mbili ndani ya kitenge. Ya tatu nikampelekea muuguzi. Aliisoma mara mbili. Hakupaza sauti. Alisema tu: “Mama, ungeniambia mu Septemba.” Halafu akatoa dawa kwa darasa zima, akapiga mbio mpaka Mbuji-Mayi, akarudi na chanjo. Wanawake wakakataa. Waliniangalia mimi, mzee wao, wakangoja nitasema nini. Basi nikasimama nikawaambia yote: kwamba sumu haikuwapo, kwamba mimi ndiye niliyeikataa sindano, kwamba kifaduro kimetoka kwetu kikaingia kwa Mbombo, na kwamba nilijua. Mficha maradhi, kilio humfichua, nami kilio kilichonifichua hakikuwa cha nyumba yangu. Siku ile watoto thelathini na nane wa madarasa yote walichanjwa. Kalonji alikuwa wa kwanza.

Blandine alimchukua mtoto mgongoni kwangu mbele ya watu. Tangu hapo anambeba mwenyewe hata akienda kuuza maandazi. Chakula changu ananiwekea, hasemi. Mbombo alihama darasa. Hakunitukana. Ningependa anitukane.

Umeuliza kwa nini niliamini. Sasa sina cha kulinda, nakuandikia.

Siku ile nilikuona kwa mbali na lile sanduku, nikasema sanduku ni zito, nimpokee mwanangu. Nikaja mpaka getini. Nilikuwa nyuma ya ukuta, upande wetu. Wale vijana waliokuwa wakilinda geti, waliokuwa wakituita bilulu, yaani wadudu, walikusimamisha. Mmoja akakuuliza una nani mle ndani. Ulimjibu: “Bale bantu shibajue. Niko mu kazi tu.”

Nilikusikia.

Nilirudi haraka nikaketi pale kwenye mawe kama mtu ambaye hakuondoka. Ulipotokea ulinisalimu vizuri, Mama Mdogo, Mama Mdogo. Nikatazama sindano, nikajiuliza, mtu aliyesema hanijui ameleta nini? Lile neno la sumu nilikuwa nimelikataa miezi miwili. Nililikubali kwa dakika moja, na dakika ile ilitosha.

Sikuandika mapema kwa sababu sikutaka ujue kwamba nilikusikia. Nilikuonea haya wewe kuliko nilivyojionea mimi.

Mbelu


Kolwezi, tarehe 3 Februari 1994

Mama,

Nilisema. Ni kweli, nilisema maneno hayohayo.

Mimi nina jina la baba, la Kikatanga, na jina lile lilinifungulia geti. Kama wangejua mama yangu ni nani, wangenipandisha behewa. Hivyo ndivyo nilivyojitetea kwa nafsi yangu. Lakini hawakuwa wamenishika, Mama, wala hawakunitisha. Yule kijana aliuliza tu, kama anayeuliza saa. Nilijibu upesi kuliko alivyouliza.

Na ile hasira niliyokuandikia, ni nusu tu ya habari. Ulipofunika paja la mtoto niliumia, naam, halafu nikafurahi. Nilifurahi kwa sababu sasa nina sababu ya kuondoka kabla hawajaniona nimekaa nanyi. Ndiyo maana niliandika zote tatu, nisilazimike kurudi. Neno hili sijamwambia Baba wala padri. Mignonne amekufa kwa furaha yangu ile fupi, nami hata sura yake siijui.

Nimemweleza mkuu wangu wa kazi habari ya daftari. Amenisimamisha kwanza, kisha baada ya wiki mbili akanirudisha, kwa kuwa kifaduro kimeingia hapa pia na wauguzi wengi walikuwa wa kwenu, mmewapokea huko. Nachanja nyumba kwa nyumba. Anayekataa naketi naye.

Sina la kuomba. Ila nina likizo mwezi wa Oktoba, na Kisimba anasema atanipa nafasi. Nataka kuja kupiga magoti kwa Mbombo. Mtanipokea? Ukisema hapana, nitaelewa.

Fidélie


Mwene-Ditu, tarehe 17 Aprili 1994

Fidélie, mwana wa dada yangu,

Tu wazima. Kalonji anatembea, anaanguka, anatembea. Hakohoi tena. Jumapili iliyopita Blandine alinipa nimshike wakati akifunga kitambaa, akasahau kumchukua mpaka tulipofika kanisani. Sikumkumbusha.

Barua yako nilikaa nayo sana. Mwishowe nikaipeleka kwa Mbombo, nikaketi chini, nikamsomea neno kwa neno, sikuruka kitu, hata lile la furaha. Alisikiliza huku akichambua maharagwe. Nilipomaliza aliweka ungo chini. Halafu akasema: “Akuye. Lakini asinipikie magoti. Magoti yake nitaifanyia nini? Niko na mimba. Akuye apike huyu shindano, mbele ya bantu.” Mtoto anatazamiwa mwisho wa Agosti. Oktoba atakuwa na umri wa sindano ya kwanza. Usiache likizo ikupite.

Neno moja uje ukilijua. Stesheni ya hapa nayo ina vijana getini siku hizi. Ni wa kwetu, waliofukuzwa kama sisi, na baadhi yao walizika watoto njiani. Kila anayeshuka kutoka Katanga wanamsimamisha na kumuuliza ni wa nani. Jina la Ngoy hapa halifungui geti. Mimi siwezi kuja kukutetea, na hata ningeweza nisingefanya hivyo.

Watakuuliza una nani mle ndani. Jibu kwa sauti. Nitakuwa nimesimama nyuma ya ukuta.

Mama yako mdogo,
Mbelu